Siku ya Pili Mlangoni kwa Baba

Tainan, 2 Machi 1992

Dada Siok-im,

Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe na shemeji Kok-hui, na kwamba joto la São Paulo limeanza kupungua. Huku hatujambo. Baba anakohoa asubuhi, akishaanza kazi kikohozi kinaisha, au anakificha, sijui. Bado anachambua pamba kwa ule upinde wake mkubwa, ila mfarishi mmoja wa kujifunika siku hizi unamchukua siku tatu. Bi A-kiok wa supu ya samaki anakusalimu. Amenenepa. Usimwambie nimesema.

Kwamba nimeacha kazi Taipei na kurudi nyumbani nilikuandikia. Sikukuambia ninafanya nini. Natengeneza filamu, dada. Si zile za ngumi na mapanga nilizokuwa nikizibebea taa. Naiweka kamera mahali pamoja kichochoroni kwetu, naiwasha, kisha sigusi kitu mpaka mkanda uishe, dakika kumi na moja. Anayepita anapita. Jua likihama ukutani linahama. Hakuna anayeigiza, hakuna muziki, hakuna kisa. Huu ni mwaka wa tatu, na watu wameshanichoka. Bi A-kiok anawaambia wateja wake, "Huyo kakaa Taipei miaka kumi na minne, karudi kupiga picha mbwa amelala." Baba aliniuliza mara moja tu: "Ukuta huo una nini?"

"Una mwanga, baba."

"Mwanga umejaa kila mahali. Unaufungia kwenye kopo wa nini?"

Nimeweka vipande vinne kwenye kanda ya video, nakutumia pamoja na barua hii. Kwanza ni supu ya Bi A-kiok asubuhi. Pili ni mvua kwenye vigae vya hekalu. Tatu baba amekaa mlangoni, wakati wa sikukuu. Nne ni ukuta, usicheke. Hakuna aliyekubali kuvionyesha popote. Angalau wewe uvione.

Mdogo wako,
Beng-tek


São Paulo, 19 Aprili 1992

Kichwa Kikubwa wangu,

Barua yako imefika na kanda imefika, kona moja imevunjika lakini inacheza. Runinga yetu ya huku inaionyesha bila rangi, sijui mitambo yao ina nini. Basi nimeiona Tainan nyeusi na nyeupe, kama nilivyoiacha kwenye picha zangu. Sisi tu wazima. Shemeji yako anakusalimu sana. Kibanda changu sokoni kinaendelea, nakaanga zile sambusa pana za Kibrazili za nyama na jibini, Jumanne hadi Jumapili, na Wabrazili wananiita Dona Sônia kwa sababu jina langu linawashinda.

Nimetazama filamu yako. Supu niliilia machozi, kwa njaa tu. Mvua ni nzuri. Ukuta nilisinzia, nisamehe, nilikuwa nimesimama kutwa.

Lakini kipande cha tatu nimekitazama mara sita, Beng-tek. Umeandika "wakati wa sikukuu" kama mtu anayepita haraka. Hiyo ni siku ya pili ya mwaka mpya. Karatasi za mwaka mpya mlangoni, zile nyekundu, bado mbichi. Mabinti wa watu wanapita na waume zao na maboksi ya zawadi, wanarudi kwao kula na wazazi, kama kila binti aliyeolewa anavyorudi siku hiyo. Na baba amekaa mlangoni amevaa viatu vya ngozi. Baba! Aliyeenda harusi ya kaka yake na makubazi! Pembeni yake kuna kigoda kitupu kimetandikwa kitambaa safi. Kila kishindo cha mguu kikisikika anageuza kichwa kuangalia mdomo wa kichochoro, kisha anageuza tena. Nimehesabu mara kumi na saba.

Baba anamngoja nani?

Nijibu hilo. Miaka ishirini na miwili iliyopita alisimama palepale mlangoni akaniambia nikiondoka na Kok-hui nisirudi. Sijasahau hata neno moja. Basi niambie anamngoja nani.

Mwaka huu hatutaweza kusafiri. Shemeji yako kazi zimembana.

Dada yako,
Siok-im


Tainan, 30 Juni 1992

Dada mpendwa,

Samahani kwa kuchelewa. Mvua za mwezi wa tano zilikaa, na sanduku la kamera liliota ukungu, nikashinda nalianika juani na kulifuta. Nilikwenda kaburini kwa mama mwezi wa nne, nikang'oa majani, nikaweka machungwa, nikamtajia na jina lako. Bi A-kiok ameng'oa meno mawili na sasa anasimulia habari hiyo kwa kila bakuli analouza.

Baba nilimpeleka hospitali mwezi uliopita, kwa kumvuta. Daktari anasema ni vumbi la pamba, miaka hamsini ya kulivuta, mapafu yamechoka. Kamwambia aache kazi. Baba kamjibu, "Nikiacha nitakuwa nakohoa bila sababu." Amepungua. Akipanda ngazi anasimama katikati, anajifanya anatazama dirisha.

Nafurahi uliipenda mvua. Niliisubiri siku tisa hiyo. Kuhusu kipande cha tatu, baba alikuwa anaota jua tu. Wazee hupenda jua la mwezi wa pili.

Na wewe uliyesinzia kwenye ukuta wangu, mbona maneno mengi? Azima kamera kwa mtu, iweke mezani kwako, iwashe, kaa mbele yake mpaka uchoke. Nione kama utanipa kitu cha kunizuia nisilale. Siku hizi siongei na mtu toka asubuhi mpaka jioni, isipokuwa kusema "pita, pita, usijali kamera."

Beng-tek


São Paulo, 11 Agosti 1992

Beng-tek,

Hatujambo. Shemeji yako anakusalimu.

Nimekuuliza swali moja umenijibu jua. Mtu haoti jua kwa viatu vya ngozi.

Sikiliza. Mama alipofariki, simu ya maandishi ilinifikia siku ya nane. Nilikuwa sokoni nakanda unga, nikaendelea kukanda kwa sababu sikujua mikono niipeleke wapi. Unajua desturi inanidai nini. Binti aliyeolewa mbali akifiwa na mzazi, anaanzia mdomo wa kichochoro, anapiga magoti, anatambaa mpaka mlangoni huku akilia kwa sauti ili wote wasikie amechelewa. Kwa mama hata kutambaa sikupata. Kwa baba sitaki kutambaa. Nataka kuingia kichochoro kile nikitembea kwa miguu yangu, yeye akiwa hai, hata kama atanifukuza. Kwa hiyo ukinificha jambo la baba unanichezea nafasi hiyo ya kutembea.

Kama ananingoja mimi, niambie. Kama hanisubiri mimi, niambie pia, nitaishi.

Kanda hii nimeitengeneza kama ulivyosema. Jirani yangu hupiga picha za harusi, kaniazima kamera, kacheka sana. Dakika kumi, mezani kwangu. Sikujua kwamba kukaa tu ni kazi hivi.

Siok-im


Tainan, 3 Oktoba 1992

Dada,

Sisi wazima, tufani ya mwezi uliopita iling'oa bati moja tu. Kanda yako ilikaa kwangu wiki tatu nzima kabla sijaandika. Nitasema kila kitu, usinikatize.

Anakungoja wewe. Nimejua toka mwaka wa kwanza niliporudi. Siku ile ya pili nilikuwa na kamera ng'ambo ya kichochoro, nikamwona anatoka na kigoda cha pili, anakipangusa, anakaa. Dakika moja tu nikaelewa. Nilipaswa kuacha kila kitu nikuandikie siku hiyohiyo. Sikukuandikia. Niliwaza, jua lilimkata uso vibaya, mwakani nitaweka kamera upande wa kushoto. Na mwakani nikaweka upande wa kushoto. Na mwaka huu tena. Nina siku za pili tatu, dada, na ndicho kitu kizuri kuliko vyote nilivyowahi kupiga. Niliogopa ukija atanyanyuka pale mlangoni, na filamu yangu itakwisha. Nimeliandika sasa, linaonekana baya kuliko lilivyokuwa kichwani.

Kanda yako tuliitazama na baba. Nilidhani atakataa. Niliazima mashine kwa Bi A-kiok, nikasema, "Dada katuma filamu." Akaendelea kushona kona ya mfarishi. Nilipoiwasha, akavuta kigoda mpaka magoti yakakaribia kugusa kioo cha runinga. Kwetu nayo haina rangi. Ukatokea wewe, umekaa, unamenya vitunguu saumu. Nywele zimeanza kuwa nyeupe, hukuniambia. Ukala tambi. Ukafuta meza. Ukaitazama kamera, na baba akakutazama. Ilipoisha akasema, "Rudisha mwanzo."

Tumeitazama mara tatu. Kisha akasema, "Yuko peke yake."

Nikasema, "Shemeji alikuwa kazini, baba."

"Wewe si ndiye unayejifanya kutazama vitu? Hesabu bakuli."

Nikahesabu. Bakuli moja kwenye kichanja. Jozi moja ya vijiti. Ndara jozi moja mlangoni. Kiti cha upande wa pili kimejaa magunia ya unga, na magunia yale hayakuwekwa jana. Mimi niliitazama kanda ile kwanza peke yangu, nikaona mwanga wa dirishani ni mzuri. Mzee wa miaka sabini na nane, haoni vizuri, ameona kiti.

Aliondoka kwenda kukohoa uani. Aliporudi akasema, nami nakuandikia kama alivyosema: "Mwambie aje mwenyewe. Mimi sikumwita mtu mwingine."

Daktari anasema msimu huu wa baridi huenda akauvuka. Wa mwakani hasemi.

Nisamehe, au usinisamehe, lakini njoo.

Beng-tek


São Paulo, 20 Novemba 1992

Beng-tek,

Nimeisoma barua yako nikiwa nimesimama sokoni, na nikaunguza sambusa kumi na mbili.

Kok-hui aliondoka mwaka wa sabini na saba. Alivuka mpaka kwenda Paraguai na mwanamke mwenye duka la saa. Salamu zote alizokutumia toka hapo nilizituma mimi. Ni miaka kumi na mitano ya salamu. Mwanzoni nilidhani atarudi, kisha nikazoea kuandika hivyo, na mwishoni nikawa naona aibu kuacha. Nilijua siku ya pili binti anarudi na mumewe, anatangulia mume na boksi la zawadi. Mimi angenitangulia nani? Baba alisema mtu yule ni mdomo mtupu, atauza dawa ya uongo mpaka kwa mke wake. Kurudi peke yangu ni kumwambia mbele ya kichochoro kizima kwamba alisema kweli. Afadhali nisirudi, nilisema. Nilisema hivyo kila mwaka, mpaka ikawa miaka yote hii.

Wewe umenificha miaka mitatu kwa ajili ya filamu. Nimekukasirikia sana. Mimi nimekuficha kumi na mitano kwa ajili ya majirani. Sijui tuanzie wapi.

Usimwambie baba chochote. Sijasema nakuja.

Siok-im


Tainan, nyumba ya wageni karibu na stesheni, 22 Januari 1993

Beng-tek,

Usishangae stempu. Nimefika jana. Ndege mbili, basi, na miguu imevimba kama ya mjamzito.

Leo ni mkesha wa mwaka mpya, kila mtu anakula na watu wake, na mimi niko chumba namba sita na chungwa. Binti aliyeolewa halali kwao mkesha wala siku ya kwanza, akilala anasomba riziki ya nyumba. Najua utasema mimi sina mume, desturi hainihusu. Lakini sikuvuka dunia nzima ili Bi A-kiok aseme Siok-im karudi na mkosi. Nitangoja siku ya pili kama binti yeyote.

Mhudumu wa hapa kaniuliza, "Mama, huna ndugu mjini?" Nikasema ninao, wako umbali wa dakika kumi na tano. Kaniangalia kama kichaa, kisha kaniletea bakuli la supu.

Mchana nilishindwa kukaa. Nilifunga kitambaa kichwani, nikaenda mpaka kwenye kibanda cha chai mkabala na kichochoro chetu. Nilikuona. Uko nyuma ya kamera yako, umeinama kidogo, mgongo umekuwa wa mama kabisa. Nilikaa pale zaidi ya saa nzima. Watu walipita mbele yako na vitoweo vyao, wakikukwepa, na wewe hukumsemesha mtu, na hakuna aliyekusemesha. Nilitaka kuvuka barabara. Nilikuwa na hasira bado, lakini nilitaka kuvuka. Kisha baba alitoka kumwaga maji, nikaona alivyopungua, nikakimbia kama mwizi.

Barua hii naiposta leo, nasikia posta inafungwa mpaka siku ya tano, kwa hiyo utaisoma umeshaniona. Naiandika hivyohivyo. Usiku huu sina mwingine wa kuongea naye.

Siok-im


Nyumbani, chini, 25 Januari 1993, mchana

Dada Siok-im,

Habari za huko juu. Huku chini hatujambo. Baba amelala, anakoroma, na kikohozi leo kimempa nafasi.

Usinicheke kwa kukuandikia wakati kuna ngazi kumi na tatu tu kati yetu. Toka jana mchana nimekuambia "ongeza wali" na "maji ya moto yako kwenye birika", basi. Wewe umeniambia "asante" mara nne. Barua nimekuandikia kwa miaka zaidi ya ishirini, na mezani nimeshindwa kukuuliza ulilalaje. Na leo siku ya tatu, watu hawatembeleani wasije wakagombana, kwa hiyo hata Bi A-kiok hatakuja kutusaidia maneno.

Nataka ujue nilichokiona jana, maana wewe ulikuwa unatembea na hukuona. Nilikuwa nimeweka kamera kama kawaida, safari hii karibu sana na mlango, mkanda unazunguka. Watu walishaanza kupita. Baba alikuwa kigodani. Ukatokea kwenye kona, peke yako, na boksi la zawadi mkononi. Sikukutambua mara moja. Yeye alikutambua. Hakunyanyuka. Aliniambia bila kugeuka, "Toa hilo dude mlangoni, dada yako anapita."

Nikalitoa. Nililibeba na miguu yake yote mitatu, nikajibana ukutani, ukapita mbele yangu ukanigusa bega na boksi. Baba akakuuliza, "Umekula?" Ukasema, "Bado." Akasema, "Ingia." Miaka ishirini na mitatu, na maneno yalikuwa hayo tu. Nikasikia vijiti vinapangwa ndani. Mimi nilibaki nje na kamera mikononi kama fundi aliyeitwa kutengeneza kitu akakuta kimeshatengenezwa. Sikujua niingie au nibishe hodi. Ndiyo maana nilichelewa mezani, si kwa sababu ya betri kama nilivyosema.

Nimetazama watu wa kichochoro hiki miaka mitatu, na sijui hata mmoja wao analala saa ngapi, anaogopa nini, anampenda nani. Baba nimemtazama akikungoja na sikuwahi kukaa kwenye kile kigoda cha pili, hata siku moja, kumsaidia kungoja. Tarehe kumi unaondoka kurudi kwenye kibanda chako. Naogopa tutafika siku hiyo tukiambiana "ongeza wali", kisha uwanja wa ndege nikupungie mkono, kisha tuanze tena kuandikiana vizuri.

Dada, bado umenikasirikia? Nijibu kwa maandishi kama ni rahisi zaidi. Naiacha karatasi hii kwenye ngazi ya saba.

Mdogo wako,
Beng-tek


(Nyuma ya karatasi hiyohiyo)

Kichwa Kikubwa,

Ndiyo, nimekukasirikia. Acha kuandika. Panda juu tugombane.

Siok-im